Mahame na Magofu katika Filamu za Zarina Bhimji

Zarina Bhimji alizaliwa Mbarara, Uganda, mwaka 1963, katika jamii yenye asili ya Bara Hindi. Agosti 1972 Idi Amin alitangaza kuwafukuza Waasia na kuwapa siku 90. Aila ya Bhimji ilihamia Uingereza mwaka 1974. Historia hiyo ndiyo chimbuko la filamu yake Out of Blue, iliyotengenezwa kwa ajili ya maonyesho ya Documenta 11 mjini Kassel mwaka 2002. Lakini mtazamaji anayetazamia kusimuliwa kisa hatakipata. Filamu haina mazungumzo, haina msimulizi, wala haina wahusika.

Huanza na mandhari ya kijani kibichi na milio ya ndege, kisha moto. Baadaye kamera huingia polepole katika nyumba zilizoachwa, makaburi, kambi za askari na vyumba vya gereza, hadi ikaishia uwanja wa ndege wa Entebbe. Mfuatano huu si wa matukio, ni wa mahali. Na uwanja ule hauhitaji maelezo yoyote.

Kiswahili hutofautisha gofu na mahame. Gofu hutaja kuta na paa. Mahame hutaja watu, yaani waliopahama mahali hapo. Ubora mkubwa wa Bhimji ni kwamba kuta zake, ambazo machoni ni magofu matupu, husomeka kama mahame. Hata hivyo neno hilo nalo halitoshi, kwa kuwa ahamaye huenda kwa miguu yake mwenyewe, na hawa walifukuzwa.

Hapa ndipo fani inapozua swali zito la maudhui. Kambi na vyumba vile vya gereza ni kumbukumbu pia ya raia wengi wa Uganda waliouawa na utawala uo huo, ambao hawakuwa na ndege ya kupanda. Filamu inapowaondoa watu wote kiwamboni, huwafunika wote kwa kimya kimoja. Wapo watakaouona huo kuwa ukarimu wa msanii. Lakini msiba wa mwenye duka aliyefukuzwa si msiba wa aliyeuawa, na picha peke yake haiutofautishi.

Kasoro hiyo huzidi katika Waiting (2007), iliyopigwa katika kiwanda cha katani nchini Kenya. Nyuzi zikielea katika mwanga hupendeza, pengine kupita kiasi, na mikono iliyozisindika hupewa nafasi ndogo. Mtazamaji wa Nairobi analijua jambo hili kwa karibu. Huko Loresho, jirani na kampasi ya Kabete ya Juu, majumba ya fahari yamesimama palipokuwa mashamba ya kahawa, na bustani zake hazimtaji mchumaji. Bhimji humfunza mtu kuitazama ardhi kama ile kwa subira. Kumtaja mchumaji, filamu zake hizi mbili hazijafika huko.