Haki Dhidi ya Haki: Rawls na Nozick katika Kiswahili

Mtu akisema kwamba jirani yake "amenyimwa haki", amesema nini hasa? Pengine jirani alikuwa na kitu chake, shamba au mshahara, akazuiliwa asikipate. Pengine hakuwa na chochote cha kunyang'anywa, ila mpangilio wa mambo ulimwonea tangu alipozaliwa. Kiingereza kingemtaka msemaji achague kati ya "rights" na "justice". Kiswahili hakimtaki achague. Ndiyo sababu wengi wetu tunaoandika juu ya falsafa ya siasa kwa Kiswahili tunaandika kwamba John Rawls alitetea haki, na katika aya inayofuata kwamba Robert Nozick alitetea haki, kisha msomaji anashindwa kuelewa wawili hawa waligombania nini.

Na kweli waligombana, ingawa walifundisha katika idara moja pale Harvard. Rawls alitoa A Theory of Justice mwaka 1971. Nozick akamjibu mwaka 1974 kwa kitabu Anarchy, State, and Utopia. Rawls anatuomba tujiweke nyuma ya pazia la kutojua: tuchague kanuni za jamii bila kujua kama tutazaliwa matajiri au maskini, wenye vipaji au wasio navyo. Anaamini kwamba tukiwa hapo tutachagua kwanza uhuru wa msingi ulio sawa kwa wote, kisha tutakubali tofauti za mali pale tu zinapomfaidi aliye chini kabisa. Nozick anaanzia kwingine. Kwake yeye kila mtu tayari ana haki zake, na haki hizo ni ukuta ambao hata serikali yenye nia njema haiwezi kuuruka.

Mfano wake maarufu ni wa Wilt Chamberlain, mchezaji wa mpira wa kikapu. Chukua mgawanyo wowote wa mali unaouona wa haki, anasema. Watu milioni moja wanakuja kumtazama Chamberlain, na katika kila tiketi senti 25 ni zake. Msimu ukiisha ana dola 250,000, na usawa uliokuwapo umevunjika bila mtu yeyote kuibiwa. Atakayetaka kurudisha usawa ule itambidi aingilie mifuko ya watu kila siku. Nozick anathubutu hata kusema kwamba kodi juu ya kipato cha kazi iko daraja moja na kazi ya kulazimishwa.

Tukiyaeleza yote haya kwa neno "haki" peke yake, mzozo unayeyuka. Dawa inayopendekezwa darasani ni kuliachia neno haki maana ya Nozick, na kumpa Rawls neno "uadilifu". Siikubali. Uadilifu kwa matumizi ya kawaida ni tabia ya mtu: hakimu mwadilifu, mweka hazina mwadilifu. Rawls hazungumzii tabia. Anazungumzia muundo wa jamii, yaani jinsi katiba, umiliki wa mali, masomo na kodi vinavyogawa maisha ya watu kabla hawajafanya lolote. Nchi inaweza kujaa watu waadilifu na muundo wake ukabaki wa kuonea.

Naona pia tumetafuta tofauti mahali pasipofaa. Kiswahili hakikuiweka katika nomino, kiliiweka katika kitenzi. Mtu ana haki. Mtu anatenda haki. Haki ya kwanza humilikiwa, huhesabika (haki zangu, haki zako), huweza kudaiwa. Ya pili haina wingi, wala haimilikiwi na mtu. Hutendwa baina ya watu. Mwanafunzi anayeandika kwamba kwa Nozick serikali hutenda haki pale tu inapolinda haki ambazo kila mtu anazo, ilhali kwa Rawls hatujui nani ana haki juu ya mali gani mpaka tujue kanuni za kutenda haki, amelieleza gomvi zima bila kuazima neno. Amartya Sen alifanya kazi kama hiyo katika The Idea of Justice (2009), alipochukua maneno mawili ya Kisanskriti, niti na nyaya, ili kutenga unyoofu wa taratibu na haki inayoonekana katika maisha ya watu. Kiingereza kilikuwa hakimtoshi.

Sisi tunaojifunza Kiswahili hapa Uganda tuna sababu nyingine ya kulitazama neno hili. Kiganda, ninachokisikia kila siku, kinatenganisha wazi. Haki za binadamu ni "eddembe ly'obuntu", na eddembe ni uhuru, tena ni amani. Haki ya kutendewa sawa ni "obwenkanya", neno linalotokana na kulingana. Nozick angeridhika na la kwanza, Rawls na la pili. Hata hivyo, nenda kwenye mgogoro wa ardhi ya mailo uone kama utenganisho huo unasaidia.

Kwa mkataba wa mwaka 1900 kati ya Waingereza na Buganda, ardhi iligawanywa kwa maili za mraba, ndiyo asili ya jina mailo, akapewa Kabaka, wakapewa machifu na wakubwa wengine, na sehemu kubwa ikawa ya taji la Uingereza. Wakulima waliokuwa wakilima hapo walijikuta wapangaji. Sheria ya mwaka 1928 iliwawekea wenye ardhi mipaka ya kodi na ya kufukuza watu. Sheria ya ardhi ya mwaka 1998 ikamlinda aliyekaa kwa miaka 12 au zaidi kabla ya katiba ya 1995. Leo mwenye hati anasema: ni haki yangu, niliinunua au nilirithi. Mwenye kibanja anasema: ni haki yangu, babu zangu wamezikwa hapa. Hakuna anayetumia neno vibaya.

Msomaji mwepesi atadhani Nozick yuko upande wa hati. Hapana. Nadharia yake ina sehemu tatu: kupata mali kihalali kwanza, kuihamisha kihalali, na kurekebisha dhuluma pale mojawapo ya hizo ilipokiukwa. Hati iliyoanzia 1900 inaangukia sehemu ya tatu, nayo ndiyo aliyoiandikia kidogo kuliko zote. Huku ndiko ninakomlaumu. Kurasa nyingi kwa mchezaji wa kikapu, chache mno kwa mali iliyoanza kwa nguvu, wakati sehemu kubwa ya mali duniani ilianza hivyo. Anakiri mwenyewe, karibu kwa kunong'ona, kwamba pale historia isipojulikana vizuri, kanuni ya kumfaidi aliye chini inaweza kutumika kama makadirio ya marekebisho. Yaani mlango wa nyuma umefunguliwa na Rawls ameingia.

Rawls naye hatoki salama. Kinyume cha haki kwetu ni dhuluma, na kudhulumu ni kitenzi kinachodai mtenda na mtendwa. Nyuma ya pazia hakuna aliyemdhulumu mtu. Kuna bahati tu, ya kuzaliwa huku au kule. Mwenye kibanja hawezi kueleza shauri lake kwa lugha hiyo. Hadai kwamba alipata bahati mbaya. Anadai kwamba kuna mkutano uliofanyika, wakubwa wakatia sahihi, na babu yake hakuitwa.