Donge Kiganjani

Kabla ya kupiga tofali, fundi wa Kalemie, mji wetu wa Kongo kando ya Ziwa Tanganyika, hulowesha udongo, akachukua donge na kulifinya. Likimomonyoka, mchanga umezidi. Likinata vidoleni, udongo wa mfinyanzi umezidi, na tofali litapasuka juani. Akiridhika, huujaza kwenye kalibu ya mbao, husawazisha uso kwa kiganja chenye maji, kisha huinua kalibu wima, polepole, pembe zisibanduke. Mkono huo naweza kuutazama asubuhi nzima.

Ndio unaonifanya niipende CINVA, taasisi ya majaribio ya makazi iliyoanzishwa Bogotá, Kolombia, mwaka 1951. Katika miaka ya 1950 mhandisi wa Chile, Raúl Ramírez, alibuni hapo mashine ya CINVA-Ram: sanduku la chuma, mfuniko na mpini mrefu. Unashindilia udongo kwa uzito wa mwili wako, na tofali la sentimita 29 kwa 14 kwa 9 linatoka bila moto. Saruji ni sehemu moja kwa kumi na tano hivi za udongo. Kinachobaki ni kivuli, maji ya kunyunyiza na subira.

Hata mashine hiyo haimwondolei mtu kazi ya kiganja. Donge hudondoshwa kutoka usawa wa bega: likisambaratika, ni kavu; likibaki bonge moja, limelowa mno; likivunjika vipande vichache, anza kazi.

CINVA ilifundisha pia wakazi kujijengea kwa kusaidiana, na hapo ndipo fikra za mipango miji zilipoguswa. Mamlaka ya mji haikulazimika tena kumkabidhi maskini nyumba iliyokamilika. Kwa mtindo huo, katika miaka ya 1970 Dandora ya Nairobi na Sinza ya Dar es Salaam zilipimwa viwanja, zikapewa barabara na maji. Kuta zikawa za mkazi, kwa kasi ya mfuko wake. Ng'ambo ya ziwa letu, Tanzania ilianzisha kitengo chake cha utafiti wa ujenzi mwaka 1971.

Kwetu matanuri ya matofali bado yanakula miti ya vilimani, ilhali saruji inatoka Kabimba, hapo kusini mwa mji. Natamani sana mpini ule ufike mikononi mwa mafundi wetu, hasa tangu maji ya ziwa yalipopanda na kuingia mitaani mwaka 2024.

Kwa sasa fundi anafungua tanuri lililopoa. Anagonganisha matofali mawili, anatega sikio. Yanalia kama kengele. Anayapanga upande wa kuuza.