Nanga na Karatasi

Wanyambo wa Karagwe na Kyerwa, sawa na jirani zao Wahaya, huita “enanga” ala iliyochongwa kwa mti mithili ya kihori, ambayo uzi wake mmoja hupitishwa huku na huko hata zikapatikana nyuzi saba au nane. Msafiri James Grant, aliyekaa Karagwe miaka ya 1861 na 1862, aliisifu.

Mpiga nanga si mwimbaji tu. Mtu huyo mmoja hutunga, hupiga, hughani. Na kwa uso na sauti yake huwa mara mfalme, mara adui wa mfalme. Lakini utendi wake ukichapishwa, husalia maneno peke yake, yamepangwa kama shairi la kusomwa kimya.

M. M. Mulokozi, katika Mulika ya 1989, alieleza kuwa fasihi simulizi ni tukio lenye fanani, hadhira, mahali na wakati wake. Kanuni hiyo hutajwa katika dibaji, kisha husahauliwa katika matini.

Filamu yaweza kuurudisha mkono na uso. Hata hivyo nayo huchagua: ikimkazia macho mpigaji, huwapoteza wasikilizaji, na pengine ndio waliomfanya akirefushe kisa. Kwa hiyo mhariri hana budi kuonyesha nyuzi zilinyamaza wapi, na watu walicheka wapi.

Wayunani walihifadhi maneno ya Homer. Sauti ya kinubi kilichofuatana nayo imepotea. Kagera haijalazimika kupata hasara hiyo.