Wao wana karne, sisi tuna kabila

Vijana ninaofuatana nao hapa Buyenzi wanajifunza kushona. Wengi wametoka Kivu, kama mimi. Mwezi uliopita tuliazimwa kitabu kizito kabisa, Le Costume historique cha Auguste Racinet, toleo jipya la Taschen. Nilidhani wataangalia mishono tu, basi. Dada mmoja akafungua upande wa Afrika, akatafuta juu na chini, akaniuliza: "Kaka, hawa ni wa mwaka gani?" Tulitafuta wote. Mwaka hatukuuona.

Kwanza nikipe kitabu haki yake. Racinet alikitoa Paris kati ya 1876 na 1888, juzuu 6, picha karibu 500. Zile za rangi zilichapwa kwa mawe. Fundi anachora kwa mafuta juu ya jiwe lililosawazishwa, analilowesha maji, kisha anapaka wino: wino unashika penye mafuta tu. Kila rangi inataka jiwe lake, na karatasi irudi palepale bila kusogea hata kidogo. Kazi hiyo si mchezo. Unaona mkunjo wa kola, kifungo, hata uzi wa dhahabu. Vijana wawili wameshanakili kola moja ya kizamani ya Ufaransa, na imekaa vizuri.

Shida iko kwenye mpangilio. Ulaya inakwenda kwa karne. Mfaransa wa karne ya 16 havai kama yule wa karne ya 18, na mara nyingine unapewa hata jina la mtu mwenyewe. Ukifika Afrika, saa imesimama. Watu wamepangwa kwa kabila na nchi, pamoja na silaha, shanga na misuko ya nywele, kama bidhaa dukani. Nguo yao haina jana. Msomaji ataamini babu zetu walivaa kitu kilekile tangu Adamu.

Mtu atasema: kitabu cha zamani hicho, mwacheni mzee. Sawa, lakini kosa lenyewe halijazeeka. Mara ngapi mama zetu wamepigwa picha kambini, chini yake ikaandikwa "mwanamke mkimbizi", bila jina wala mwaka? Ndo Racinet huyohuyo, ila na kamera.

Na sisi nguo zetu zina tarehe! Miaka ya 1970 Mobutu alipiga marufuku suti na tai. Wanaume wa Zaire wakavaa abacost, koti la bila tai. Jina limetoka kwenye Kifaransa, yaani "suti chini". Mwaka 1990, alipokubali vyama vingi, tai ikaruhusiwa tena. Papa Wemba na masapeur wa Kinshasa walishafanya nguo za wabunifu wa ng'ambo kuwa jambo la heshima, hata kwa kijana asiye na kitu mfukoni. Kitenge cha waksi nacho kina safari yake: Waholanzi katika karne ya 19 waliiga batiki ya Java, sisi tukakichukua, tukakipa majina yetu. Hii ni historia ya mavazi sawa na ile ya wafalme wa Ufaransa.

Kwa hiyo neno langu ni hili: kitabu hiki kitazameni kwa jicho la fundi, jifunzeni mkono wake, ila mpangilio wake msiuamini.

Baada ya hapo niliomba kila kijana alete picha moja ya nyumbani. Yule dada alileta ya mama yake. Mwaka hakuujua, akampigia simu palepale. Waliongea muda mrefu, tukamngoja. Kisha akaandika nyuma ya picha jina la mama, halafu: Uvira, 2003, kitenge cha harusi ya shangazi.