Nyuma ya Kamera: Mwigizaji wa Sentensi Mbili

Mapenzi aliyoyasimulia Corinne Hofmann, yaliyotengenezewa filamu ya Die weiße Massai mwaka 2005, yalianzia katika kivuko cha Likoni. Hata hivyo, Msamburu wa filamu hiyo ni Jacky Ido, mzaliwa wa Burkina Faso. Kama vile Farah, Msomali wa Out of Africa (1985), alivyoigizwa na Malick Bowens wa Mali. Mwenyeji hubaki nyuma ya kamera: huvuta nyaya, hufasiri, huendesha lori, na siku mojamoja hupewa sentensi mbili za kutamka. Sisi wahakiki tumempuuza mno. Aghalabu ni katika sentensi hizo ndimo isikikamo lafudhi ya mahali penyewe. Na jina la mtamkaji lipitapo, tumekwisha kuinuka vitini.