Kitovu cha Nani? Uhakiki wa Istilahi za Mpango wa Safari za Ndege

Neno kitovu limeenea sana katika hotuba, magazeti na nyaraka za serikali zinazohusu usafiri wa anga. Husemwa kwamba uwanja fulani "ni kitovu cha usafiri wa anga katika ukanda huu," au kwamba uwanja mwingine, ukishapanuliwa, "utakuwa kitovu." Wasomaji wamelizoea, na wafasiri huliandika bila kusita. Makala haya yanakusudia kulichunguza neno hilo pamoja na yale yanayofuatana nalo, kuona kama yanaibeba dhana iliyokusudiwa, na kutoa mapendekezo pale penye upungufu. Jambo hili haliwahusu wanaisimu peke yao. Neno moja likitumiwa kutaja mambo mawili au matatu yaliyo mbalimbali, mwenye kulisoma katika mpango wa maendeleo hawezi kujua ni lipi kati ya hayo ambalo fedha za umma zinaombwa kulitimiza.

1. Dhana yenyewe

Hapana budi kuanza na dhana, kwani istilahi isiyotanguliwa na dhana ni sauti tupu. Tuchukue miji kumi. Tukitaka kila mji uwe na ndege ya moja kwa moja kwenda kila mji mwingine, tutahitaji njia 45. Lakini tukiuchagua mji mmoja kati ya hiyo kumi na kuzipitisha safari zote hapo, njia 9 zatosha kuiunganisha miji yote. Tukiongeza mji wa kumi na moja, tunaongeza njia moja tu, na papo hapo tunapata jozi 10 mpya za miji inayofikiana. Faida ya mpango huu iko hapo. Mji mdogo hauwezi kuijaza ndege kwa abiria waendao mahali pamoja. Waweza kuijaza kwa abiria waendao mahali mbalimbali, ambao watagawanywa wakifika kati.

Hata hivyo, kukutana kwa njia hakutoshi. Ndege ya asubuhi ikifika kati, na ile ya kuendelea ikaondoka usiku wa manane, njia zimekutana lakini abiria hawakuunganishwa. Kwa hiyo shirika hupanga ratiba ili ndege nyingi zifike karibu kwa wakati mmoja, abiria na mizigo wabadilishe ndege, kisha zote ziondoke tena. Mfano ulio wazi kupita yote hauhusu abiria. Shirika la kusafirisha vifurushi la FedEx lilianza kazi Memphis, Marekani, mwaka 1973, likiwa na ndege 14 na kuhudumia miji 25. Vifurushi vyote viliingia Memphis usiku, vikachambuliwa, na kabla ya mapambazuko vilikuwa vimekwisha kuondoka. Hata kifurushi kilichotumwa baina ya miji miwili iliyo jirani kilipita huko huko.

Mashirika ya abiria nayo yaliijua njia hiyo. Delta lilikuwa likiitumia Atlanta kwa namna hii tangu zamani. Lakini mpango huu ulienea hasa baada ya sheria ya Marekani ya mwaka 1978 iliyoyaondolea mashirika udhibiti wa serikali katika uchaguzi wa njia na upangaji wa nauli. Kufikia mwaka 1981 shirika la American lilikuwa linajenga mpango wake Dallas/Fort Worth, na mengine yakafuata.

Kutokana na maelezo haya tunapata viambajengo vitatu vya dhana: shirika lenye kupanga, ratiba inayokutanisha, na abiria wanaobadili ndege. Uwanja ni mahali tu pa kutendekea hayo. Istilahi yo yote itakayopendekezwa yafaa ipimwe kwa viambajengo hivyo vitatu.

2. Tafsiri zinazotumika

Tafsiri ya kwanza ni makao makuu. Hii ni makosa moja kwa moja. Makao makuu ni mahali pa ofisi za utawala, na shirika lina makao makuu mamoja. Shirika la United makao yake makuu yako Chicago, lakini abiria wake hugawanywa Chicago, Denver, Houston, San Francisco na kwingineko. Southwest makao yake makuu yako Dallas, nalo kwa muda mrefu limejulikana kwa kutoufuata mpango huu, bali kwa kuiunganisha miji moja kwa moja. Mfasiri aandikaye makao makuu huwa amelihamisha jambo kutoka katika ratiba na kulipeleka ofisini.

Ya pili ni kituo kikuu. Tafsiri hii haina kosa la wazi, lakini haisemi jambo. Kila palipo pakubwa ni kituo kikuu: cha mabasi, cha polisi, cha afya. Tena katika kazi ya ndege neno kituo linahitajiwa kwa mahali wanapoanzia kazi marubani na wahudumu, nako si lazima pawe mahali pa kubadilia abiria.

Ya tatu ni makutano, na hii ina watetezi wenye hoja. Neno ni letu, msafiri analifahamu, na reli imelitumia kwa muda mrefu. Tabora ni makutano kamili: reli ya Kigoma na reli ya Mwanza hutengana hapo, na kabla ya reli misafara iliyotoka Bagamoyo iligawanyika hapo kwenda Ujiji na kwenda kaskazini. Lakini hoja hiyo hiyo ndiyo inayolikatalia neno kazi hii. Reli zikishakutana Tabora zimekutana, asubuhi na jioni, hata pasipokuwa na garimoshi lo lote. Angani hapana reli. Njia za ndege zinakutana mahali kwa kuwa shirika limeamua zikutane, na shirika likiamua vingine, makutano yamekwisha.

Ya nne ni kitovu. Sifa yake ni kwamba linabeba picha ya kulisha: kama vile mtoto alivyolishwa tumboni kupitia kitovu, ndivyo safari ndefu zinavyolishwa abiria na safari fupi. Kasoro zake ni mbili. Mwili una kitovu kimoja, ilhali shirika laweza kuwa navyo vitano au vinane. Pili, katika fikra za Waswahili kitovu ni asili isiyohama. Mahali kilipozikwa kitovu cha mtu ni kwao milele. Basi asikiaye kwamba uwanja fulani ni kitovu hudhani uwanja umezaliwa hivyo na utabaki hivyo. Tutaona punde kwamba dhana hiyo imewagharimu watu.

3. Kitovu kama daraja la ukubwa

Mfasiri hana budi kujihadhari na mtego mmoja ulioko katika lugha chanzi yenyewe. Mamlaka ya usafiri wa anga ya Marekani hulitumia neno hilo hilo la Kiingereza kwa maana nyingine kabisa. Kwayo ni daraja la ukubwa tu: uwanja unaopandisha asilimia 1 au zaidi ya abiria wote wa nchi kwa mwaka ni wa daraja kubwa, kuanzia asilimia 0.25 hadi chini ya 1 ni wa daraja la kati. Kuanzia asilimia 0.05 hadi chini ya 0.25 ni wa daraja dogo. Kigezo hicho hakiulizi kama abiria hao wanabadili ndege au wanakwenda zao nyumbani. Uwanja wa Tampa umo katika daraja kubwa, wala hapana shirika kubwa linaloufanya kuwa mahali pa kugawia abiria. Wengi wao wanakwenda Tampa kwenyewe.

Afisa akiisoma orodha hiyo, kisha akaandika kwamba nchi fulani ina "vitovu" kadhaa vya anga, huwa amechanganya hesabu ya watu na mpango wa ratiba. Kwa maana hii ya pili tunashauri isitumike kitovu kabisa. Iandikwe uwanja wa daraja kubwa, la kati, au dogo.

4. Mji uliopewa mkazo

Kando ya vitovu, mashirika hutaja miji ya namna nyingine: mji ambao si wa kubadilia ndege, lakini shirika limeupa safari nyingi za moja kwa moja kwenda kwingine mbali na vitovu vyake, kwa ajili ya abiria wa mji ule wenyewe. Delta limewahi kuuita hivyo mji wa Raleigh-Durham.

Tafsiri mji lengwa haifai hata kidogo, kwani msomaji ataelewa kuwa ni mwisho wa safari. Mji wa mkazo inanukia tafsiri ya neno kwa neno, na mkazo tumekwisha kuukabidhi kwa wanafonetiki na wahandisi. Twapendekeza mji mteule: umeteuliwa na shirika, na uteuzi waweza kutenguliwa. Lakini twaongeza tahadhari. Neno la Kiingereza lenyewe halina mpaka uliokubaliwa na wote; ni neno la wauza tikiti zaidi ya kuwa neno la wataalamu, na kila shirika hulitumia kwa kadiri lionavyo. Si wajibu wa mfasiri kulipa neno la namna hiyo uthabiti ambao halikuwa nao. Katika waraka wa kisheria afadhali aeleze kwa maneno kamili kinachofanyika katika mji huo.

5. Mkupuo

Kundi la ndege zinazowasili pamoja na kuondoka pamoja lina jina katika Kiingereza linaloandikwa sawasawa na jina la nyumba ya kuwekea fedha. Mfasiri mwenye haraka aweza kutuletea "benki ya ndege," na msomaji akatafuta mikopo. Wengine husema wimbi, nalo linaeleweka. Hata hivyo lugha yetu ina neno lililo karibu zaidi: mkupuo. Kinachofanywa kwa mkupuo mmoja hufanywa chote kwa pamoja na mara moja, na ndilo jambo lenyewe. Basi tuseme mkupuo wa kuwasili na mkupuo wa kuondoka.

Neno hili hutusaidia pia kueleza mabadiliko. Mikupuo ina gharama: kwa saa nzima milango na wapakizi wa mizigo hawatoshi, na saa inayofuata wanakaa bure. Mwaka 2002 American lilianza kuitawanya mikupuo yake Chicago na Dallas/Fort Worth ili kazi igawanyike kutwa. Abiria walingoja zaidi, lakini watu na vifaa vilitumika vizuri zaidi. Kitovu cha mikupuo na kitovu cha mfululizo ni istilahi mbili zinazotenganisha hali hizo bila taabu.

Kwa upande wa abiria hatuna haja ya kubuni. Wasafiri wetu wamekwisha kusema kuunganisha ndege. Atokaye Dar es Salaam kwenda Guangzhou kwa kupitia Addis Ababa anaunganisha Addis Ababa. Muda anaohitaji ni muda wa kuunganisha. Wenye lugha wamekwisha kuamua, na kazi yetu ni kuandika.

6. Gharama ya neno lisilo na mwenyewe

Sasa turudi kwenye kitovu. Mwaka 2001 American lililinunua shirika la TWA, ambalo kitovu chake kilikuwa St. Louis. Mwaka 2003 likazipunguza safari zake huko kwa takriban nusu, kwa kuwa lilikuwa na vitovu vyake lenyewe Chicago na Dallas/Fort Worth. Wakati huo mji ulikuwa katikati ya kujenga njia mpya ya kurukia ndege. Ilifunguliwa mwaka 2006, nayo iligharimu zaidi ya dola bilioni 1. Pittsburgh ilifungua jengo kubwa la abiria mwaka 1992, lililopangwa kwa mahitaji ya USAir. Mwaka 2004 shirika hilo, likiwa sasa linaitwa US Airways, likakiondoa kitovu chake. Memphis, iliyobaki kuwa kitovu cha vifurushi, iliacha kuwa kitovu cha abiria cha Delta mwaka 2013. Viwanja havikuhama, wala zege halikupungua. Kilichoondoka ni ratiba.

Afrika Mashariki inayo historia yake. Shirika la East African Airways lilipovunjika mwaka 1977, Tanzania haikupungukiwa na viwanja. Ilipungukiwa na shirika la kuvipangia safari, ikaunda lake mwaka ule ule. Kwa upande mwingine, shirika la Ethiopia limeujenga mji wa Lomé kuwa kitovu cha pili katika Afrika ya Magharibi, likishirikiana na ASKY iliyoanza safari mwaka 2010. Kitovu hicho kiko mbali sana na Addis Ababa, tena katika nchi nyingine. Hapa inadhihirika kwamba kitovu humilikiwa na shirika kabla ya kuhesabiwa kuwa cha mji.

Kwa hiyo sentensi "uwanja huu utakuwa kitovu" ina kasoro ya kisarufi ambayo pia ni kasoro ya hoja: haina mwenyewe. Msomaji anayo haki ya kuuliza: kitovu cha nani? Iwapo waraka hauwezi kulitaja shirika litakalopanga mikupuo yake hapo, basi waraka unazungumzia jengo, na useme jengo.

7. Mapendekezo

Hatupendekezi kulifuta neno kitovu. Limekwisha kuota mizizi, na picha yake si mbaya. Hata ndege zilianza kuwa viumbe wenye manyoya, wala hapana aliyechanganyikiwa. Tunapendekeza liwekewe masharti:

(a) Kitovu kitumike kwa mahali ambapo shirika limepanga abiria au mizigo yake ibadilishe ndege, na daima kiambatane na kihusishi cha umiliki: kitovu cha Kenya Airways kilichoko Nairobi. Isiandikwe uwanja-kitovu.

(b) Ukubwa wa uwanja utajwe kwa daraja lake.

(c) Mji mteule utumike kwa tahadhari iliyokwisha kutajwa, na maelezo kamili yatumike katika sheria na mikataba.

(d) Mkupuo, kuunganisha ndege na muda wa kuunganisha ziingizwe katika orodha za istilahi za usafiri wa anga.

Walimu wa ufasiri wanaweza kuyajaribu masharti haya darasani kwa kuchukua habari yo yote ya gazeti yenye neno kitovu, na kuwataka wanafunzi wamtaje mwenyewe. Maoni ya wasomaji, hasa wale wanaofanya kazi viwanjani, yanakaribishwa kwa ajili ya toleo lijalo.