Haki ya Kutazama: Abbas Kiarostami na Yatima wa Uganda

Abbas Kiarostami, mwongozaji wa filamu aliyezaliwa Tehran mwaka 1940 na kufariki Paris mwaka 2016, hajulikani sana katika sharika za Shinyanga na Geita. Hata hivyo aliwahi kufika karibu nasi. Mwaka 2000 Mfuko wa Kimataifa wa Maendeleo ya Kilimo ulimwalika Uganda aonyeshe kazi ya UWESO, chama cha akina mama kilichoanzishwa mwaka 1986 kusaidia yatima. Alikaa siku 10 akiwa na kamera ndogo za dijitali. Picha alizokusudia ziwe za maandalizi tu ndizo zilizokuwa filamu yenyewe, ABC Africa, ya mwaka 2001.

Kiarostami alijifunza kazi yake kwa watoto. Kuanzia mwaka 1970 alitengeneza filamu katika taasisi ya malezi ya watoto na vijana mjini Tehran, na filamu yake ya mwaka 1987 yamhusu mtoto atafutaye nyumba ya mwenzake ili amrudishie daftari, basi. Tetemeko la ardhi la mwaka 1990 lilipoipiga kaskazini ya Iran, alitengeneza nyingine juu ya safari ya kuwatafuta watoto walioigiza katika ile ya kwanza. Hata baada ya kupata tuzo kuu ya Cannes mwaka 1997 aliendelea kuuliza: anayetazama ana haki gani?

Swali hilo ndilo linaloipa ABC Africa uzito, na hapo pia ndipo udhaifu wake ulipo. Watoto wanaiona kamera, wanakusanyika, wanacheza na kucheka. Wala mwongozaji hafichi kwamba wanafanya hivyo kwa sababu yeye yupo. Lakini nyimbo zimezidi, na maelezo ya vikundi vya akiba yanafanana mno na taarifa ya mfadhili. Bibi aliyezika watoto wake 11 na kulea wajukuu 35 alistahili muda zaidi, maana kwake hesabu ile ni chakula cha jioni.

Hospitalini maiti ya mtoto inaviringishwa kitambaa, inalazwa juu ya boksi lililokunjuliwa, kisha inafungwa nyuma ya baiskeli. Hakuna sauti ya msimulizi. Usiku umeme unakatwa hotelini, na kwa dakika kadhaa hatuoni kitu. Twasikia tu wageni wakipapasa njia na kuzungumza juu ya watu wanaoishi hivyo kila siku, mpaka radi inamulika. Wako waliouita ujanja. Sisi twaona ndipo mgeni alipoacha kutazama, akakaa gizani na wenyeji.

Mgodi mkubwa wa Geita ulifunguliwa mwaka huo huo wa 2000, na Bulyanhulu mwaka 2001. Huku nasi wako mabibi wanaolea wajukuu ambao wazazi wao walikufa kwa UKIMWI au wamepotelea machimboni. Wageni wakifika, watoto hupangwa mstari, huimba, hupigwa picha, na picha huambatishwa kwenye taarifa. Ni nadra mtoto kuulizwa kama anataka. Tungependa filamu hii ionyeshwe kabla ya somo la diakonia, hasa mwisho wake: mume na mke kutoka Austria wanaondoka kwa ndege na binti waliyemchukua kuwa mtoto wao, na nyuso za watoto zinaelea juu ya mawingu. Kiarostami hasemi kama huko ni kuokolewa au kung'olewa. Tungependelea kamera yake ibaki chini, pamoja na wasiopanda.